Sauti Isiyopeperusha Unyoya

Kila filamu ilipokwisha, bibi Apolena Rezková alitaka asomewe majina. Siyo ya waigizaji wakubwa peke yake. Yote, hadi la aliyebeba taa na la aliyeshona suruali za askari. Macho yake yalikuwa yamezimika, mwaka wa tano huo, kwa hiyo kazi ya kusoma ilimwangukia mkwewe Vlasta, mjane wa mwanawe, waliyeishi naye nyumba moja kijijini. Vlasta alisoma kama karani anayeita mizigo stesheni, na alipofika mwisho alisema neno lile lile.

“Hayupo.”

Asiyekuwepo ni Otylie, binti wa huyo bibi. Na Vlasta hakusema hivyo kwa ubaya. Alikuwa mwanamke asiyejua kusema uongo, basi, kama wengine wasivyojua kuogelea. Kwenye msiba wa jirani alimwambia mfiwa kuwa keki ilikuwa kavu. Mayai yakiharibika aliyarudisha ndani mwenyewe kabla mnunuzi hajauliza. Watu walimheshimu, ila hakuna aliyemkaribisha harusini kwa moyo mkunjufu.

Zamani jina la Otylie lilikuwepo, tena juu kabisa. Watu wa filamu walikuja kijijini kupiga picha za mavuno akiwa na miaka kumi na minane, wakamsikia akimuuliza dereva wao kama amekula, na mwongozaji akasimama. Hakuwa mzuri wa kutisha. Alikuwa na pua ndefu na mabega ya mtu aliyelelewa na ndoo za maziwa. Kilichomsimamisha mwongozaji ni sauti. Ilikuwa ya chini, ya karibu, kama ya mtu aliyeketi sikioni mwako, na haikuwa na upepo ndani yake hata kidogo. Vipaza sauti viliipenda. Kwa miaka ishirini na minne alicheza filamu ishirini na saba: mke wa mwashi, mwalimu, mama wa wezi wawili, malkia mara moja tu, na kila mtu katika nchi ile angeijua sauti yake gizani.

Halafu vikaja vifaru vya wageni, ikaja karatasi ya kupinga, na Otylie akaitia sahihi. Wengi walitia. Mwaka uliofuata waliitwa mmoja mmoja ofisini wakaulizwa kama wangependa kufuta. Wengi walifuta, wana watoto, huwezi kuwalaumu. Otylie alisema wino umeshakauka. Alisema hivyo kwa ile sauti yake, na yule bwana wa ofisini inasemekana alitabasamu kwanza, kisha akaandika.

Tangu siku hiyo filamu zake hazikuonyeshwa tena na simu yake haikulia. Alitafuta kazi mahali pengi, akaipata kwenye tiata moja ya mji mkuu, Praha, chumba cha makoti. Alipokea makoti, akatoa vibao vya namba, akakaa saa mbili na nusu na makoti ya watu mia nne, akayarudisha. Wengine walimtambua wakakosa pa kuangalia. Wengine walimpa koti kwa mikono miwili, kama wanampa mtoto. Hao ndio waliomuudhi zaidi.

Kwa mama yake alisema, “Niko tiatani, mama, kila jioni.” Uongo haumo humo ukitafuta. Vlasta ndiye aliyejua ukweli, maana alikuja Praha kununua viatu vya baridi, akaamua kupita kumsalimia wifi yake, akamkuta ameshika koti la manyoya la mke wa daktari wa meno.

“Kumbe ndiyo tiata hii,” Vlasta alisema.

“Ndiyo hii, wifi.”

“Mama anajua uko jukwaani.”

“Sikumwambia jukwaani. Nimemwambia tiatani.”

Vlasta aliyatazama makoti, safu kwa safu. “Mimi sitamwambia. Lakini akiniuliza, wifi, sitamdanganya. Unanijua.”

“Nakujua,” alisema Otylie. “Ndiyo maana silali.”

Bahati nzuri bibi Apolena hakuuliza. Alisubiri majina tu.

Mwishoni mwa Novemba mwaka wa sabini na nne, Hynek Lisý akaingia chumba cha makoti bila koti. Huyu alikuwa mwongozaji wa kuingiza sauti, mtu mwembamba, mwoga kwa asili lakini mwenye vipindi vifupi vya ujasiri, na siku hiyo alikuwa ndani ya kimoja. Walikuwa wamemaliza ngano ya televisheni, ile ya mkesha wa Krismasi ambayo nchi nzima huiangalia, wakubwa kwa wadogo, wanaoamini Mungu na wanaoamini chama. Ilikuwa ya binti mfalme aliyefuga nyuki. Binti mwenyewe alichezwa na msichana Mslovakia, Želmíra Bačová, miaka ishirini, sura ya kutosha kuuza ngano tatu. Ila Kicheki chake kilikuwa na Uslovakia mwingi, na kama kawaida ya kazi hiyo, sura ingekuwa yake na sauti ya mtu mwingine.

“Nataka yako,” alisema Lisý.

“Hynek, nina miaka arobaini na sita.”

“Mdomo una miaka ishirini. Wewe uwe sauti tu. Nasikia upepo umegeuka huko juu. Na jina nitaliweka, nakuapia. Mwishoni, herufi ndogo, lakini litakuwepo.”

Otylie hakuwa mtu wa kulia, ila alilazimika kupanga vibao vya namba upya, kutoka moja hadi hamsini, kabla ya kujibu. Jioni ile ile alipiga simu posta ya kijijini, akaomba mama yake aitwe.

“Mama, mkesha wa Krismasi utanisikia,” alimwambia. “Vlasta atakusomea jina langu.”

Bibi Apolena akasema, “Nitakula supu yote kuanzia leo. Nifike.” Hakutania. Kifua chake kilikuwa kibovu na daktari alishaacha kuzungumzia majira ya kuchipua.

Kazi ya kuingiza sauti ni ya kuchosha, na mtu asiyeijua hawezi kuiheshimu. Kipande cha filamu huungwa mwanzo na mwisho kikawa kinazunguka, sekunde kumi zile zile, mdomo ule ule unafunguka na kufunga, na wewe umesimama gizani unajaribu kuingia ndani yake. Mara kumi. Mara ishirini. Otylie aliingia mara ya pili au ya tatu. Siku ya kwanza walifanya nusu ya filamu. Fundi wa sauti, ambaye hakusifu kitu tangu vita, alimletea kahawa.

Siku ya pili alikuja mtu wa kamati ya chama. Alikaa nyuma akasikiliza bila kofia. Kulikuwa na sehemu ambapo binti mfalme anamwambia mchumba wake aliye nje, “Mlango haujafungwa, bwana. Wewe ndiye hujausukuma.” Otylie aliisema mara moja, na ikakaa. Yule mtu akawasha taa.

“Ni sauti nzuri, ndugu Lisý,” alisema. Alionekana kuhuzunika kweli. “Ndilo tatizo lenyewe. Hata mama yangu angeijua.”

Basi. Hakukuwa na kelele. Otylie alivaa koti lake, na Lisý, ambaye ujasiri wake ulikwisha pale pale, alitazama viatu. Nusu ya filamu iliyorekodiwa ikafutwa. Waigizaji wengine wa kike waliofaa walikuwa vitandani, maana mafua yalikuwa yameifagia Praha wiki hiyo, na tarehe ya mkesha haisogezwi na kamati yoyote. Ikaamuliwa msichana aseme mwenyewe. Apewe siku nne ajifunze.

Kesho yake mchana, kukiwa na onyesho la watoto wa shule, Želmíra Bačová alisimama mbele ya kaunta ya makoti. Alikuwa amevaa kofia ya sufu hadi kwenye nyusi.

“Nimeambiwa nisije kwako,” alisema.

“Basi umeshakosea. Kibao namba themanini.”

“Sikuja kuweka koti. Naomba unifundishe.”

Otylie alimtazama. Alikuwa na hasira, tusifiche. Alikuwa nayo tangu jana, ilikuwa imekaa tumboni kama mkate mbichi, na sasa imepata mtu mwenye sura. “Binti,” alisema, “unajua unachoomba? Wamenitoa mimi wakuweke wewe. Sasa nikushike mkono nikukalishe kwenye kiti changu? Nikutandikie na mto?”

“Kiti ni changu,” alisema msichana. “Sura ni yangu. Mimi ndiye niliyeng’atwa na nyuki kumi na moja, siyo wewe.”

Jibu hilo lilimfurahisha Otylie kidogo, ingawa hakuonyesha. “Sema ile ya mlango,” akamwambia.

Želmíra akasema. Alisema kwa nguvu, kwa uzuri, kama mtoto anayesoma shairi mbele ya mkuu wa wilaya. Otylie alifumba macho. Angeweza kuvumilia dhuluma, ameshaivumilia miaka minne. Kazi mbaya ndiyo iliyomshinda tangu utotoni. Na kulikuwa na jambo jingine, alilijua vizuri na hakujidanganya. Alitaka kitu chake kiwemo humo ndani, hata kama ni pumzi.

“Unapuliza,” alisema. “Unazima mishumaa. Njoo huku nyuma.”

Kwenye kiti chake palikuwa na mto ambao mama yake alimshonea mwaka alioondoka kijijini. Otylie alichukua mkasi, akafungua pembe, akatoa manyoya ya bata bukini kama ujazo wa kikombe, akayaweka juu ya kaunta.

“Kwenu mnachambua manyoya?”

“Bibi yangu alichambua. Mimi nimekulia mjini.”

“Basi sikiliza. Baridi ikija, wanawake wanakaa mezani, rundo hili hapa katikati, unyoya mmoja mmoja unang’oa laini unaacha uti. Milango imefungwa, madirisha yamefungwa. Na wanaongea, kwa sababu wanawake kumi hawawezi kukaa wakanyamaza. Wanasema umbea wote wa mwaka, wanataniana, wanachekeshana makusudi. Lakini ole wake atakayepiga chafya au kucheka kwa mdomo wazi. Kazi ya usiku wote inapaa hadi darini. Mama yangu alikuwa anaweza kukutukana ukoo mzima, na unyoya usitikisike. Mimi nimekua hapo. Sikusomea popote.” Alisogeza rundo mbele ya kidevu cha msichana. “Sasa sema ya mlango. Likipaa, unaokota.”

Želmíra aliokota siku hiyo mara thelathini na kitu. Watoto wa shule walipotoka kuchukua makoti yao, walimkuta nyota wa Krismasi amepiga magoti chini ya kaunta, unyoya kwenye nyusi.

Alirudi jioni, akarudi kesho yake, akarudi na ya tatu. Otylie hakumsifu. “Unasema na ukuta. Mtu yuko hapa.” “Usinipe uzuri, nipe habari.” “Huyo mchumba umempenda au unamuuzia mkate?” Siku ya nne msichana aliinamisha kidevu juu ya rundo akasema, kwa sauti ya chini, bila haraka, “Mlango haujafungwa, bwana. Wewe ndiye hujausukuma.” Hakuna kilichotikisika. Hata Otylie hakutikisika. Uslovakia bado ulisikika kidogo, ila haukuwa na shida tena. Ungedhani binti mfalme alilelewa na yaya wa mbali.

“Nenda,” alisema Otylie. “Usiwaambie ulikuwa wapi.”

“Nikupe nini?”

“Rudisha manyoya kwenye mto. Yote.”

Tarehe ishirini na nne Otylie alipanda basi la asubuhi. Vlasta alikuja kumpokea kituoni na kigari cha theluji cha kubebea mizigo, na walivuta pamoja kupanda kilima. Otylie alimweleza kila kitu kabla hawajafika kanisani.

“Kwa hiyo hayupo,” alisema Vlasta. Hakuuliza.

“Hayupo.”

“Na mama amekunywa supu mwezi mzima.”

“Najua.”

“Hata ya maini, ambayo haipendi.”

“Wifi, najua.”

Vlasta alisimama kuvuta pumzi. “Mwambie kabla ya samaki wa mkesha. Ukimwambia wewe, roho yake itapona. Akinisikia mimi nikisema lile neno, leo, siku hii, haitapona. Na mimi nitalisema. Sina jingine la kusema.”

Otylie aliahidi. Lakini alipoingia ndani alimkuta mama yake amevaa blauzi ya harusini, amekaa tayari tangu saa nane, amekondeana hadi kola imemzunguka shingo bila kuigusa. Bibi Apolena alimshika uso kwa mikono yote miwili, akamnusa kama anavyonusa mkate. “Otylka,” alisema, jina la utotoni. “Nimefika.”

Ikapita saa moja, ikapita mbili, na Otylie akamenya viazi, akakata matango ya siki kwa ajili ya saladi, akakaanga samaki, akasema habari za hali ya hewa. Mara mbili alifungua mdomo. Mara mbili alisema kitu kingine.

Walikaa mezani nyota ya kwanza ilipoonekana, gamba la samaki la kuleta bahati chini ya kila sahani, televisheni kwenye kabati mkabala na meza. Na wakishakaa, hakuna anayeinuka hadi wote wamemaliza. Anayeinuka wa kwanza hatafika Krismasi ijayo, ndivyo ilivyo, na katika nyumba yenye mgonjwa jambo hilo halijaribiwi. Ngano ilianza. Otylie aliona kwamba amejifungia mwenyewe.

Dakika ya tano binti mfalme akafungua mdomo. Bibi Apolena akaweka uma chini.

Alisikiliza hivyo hadi mwisho, kichwa kimeinama upande, samaki akipoa. Hakuna aliyethubutu kumwambia ale. Ilipofika ile ya mlango, mkono wake ulianza kwenda juu ya kitambaa cha meza, vidole viwili vikichambua kitu ambacho hakikuwepo, kinang’olewa, kinawekwa pembeni, kinang’olewa.

“Haipeperushi,” alisema. “Vlasta, unasikia? Haipeperushi kitu.”

“Nasikia, mama,” alisema Vlasta. Alikuwa ameinua macho kutoka kwenye sahani. Yeye naye alikuwa amekaa kwenye meza ile ya manyoya majira ya baridi ishirini, na alikuwa akimtazama msichana mgeni wa kwenye kioo kwa namna ambayo Otylie hakuwahi kumwona akitazama kitu.

“Ni yeye?” aliuliza bibi.

“Subiri majina, mama.”

Harusi ikafungwa, nyuki wakaruka, muziki ukapanda. Otylie alishika ukingo wa kiti. Alitaka kuondoka, kwenda tu jikoni, hatua nne, asilisikie, lakini mama yake alikuwa hajamaliza samaki. Alisema, “Mama, kuna jambo,” na mama yake akasema, “Shh. Majina.”

Vlasta akasogeza miwani. Akasoma aliyeandika na aliyeongoza. Akasoma mfalme, malkia, mchumba. Akasoma Želmíra Bačová. Akasoma mpiga picha, fundi wa sauti, mshonaji, mfuga nyuki aliyetoa ushauri, aliyebeba taa. Hakuruka hata mmoja. Mstari wa mwisho ulipanda juu ya kioo ukatoka, na kioo kikabaki cheusi. Otylie alifumba macho akisubiri lile neno.

“Sauti ya binti mfalme,” alisoma Vlasta, kwa sauti ile ile ya kuita mizigo, “Otylie Rezková.”

Otylie alifumbua macho. Vlasta alikuwa mwekundu hadi kwenye mizizi ya nywele, na miwani yake ilikuwa imeelekea moja kwa moja kwenye televisheni, ambako kwaya ya watoto ilikuwa imeshaanza kuimba.

Bibi Apolena aliokota uma wake. Alikata kipande cha samaki baridi, akakitafuna polepole akakimeza.

“Soma tena,” alisema.

Vlasta akasoma tena.